Tuache kusakafia vidonda

Wadau, kama uko mezani unakula, malizia kwanza ndiyo urudi. Leo naandika kuhusu usaha. Siyo usaha wa mafumbo. Nasema usaha wenyewe, ule unaotoka mguuni mwa mtu, unanuka, unalowesha shuka na kufukuza wageni.

Nimeanza hivi makusudi, kwa sababu sisi waandishi wa habari tuna ugonjwa wetu. Fungua magazeti uone. Rushwa ni donda ndugu. Foleni za Dar ni donda ndugu. Mgawo wa umeme, donda ndugu. Mimi mwenyewe nimeshaandika hivyo mara nyingi tu, mhariri akapitisha, msomaji akasoma, siku zikaenda. Lakini donda ndugu lenyewe, lile la mzee anayekaa barazani mguu umezungushiwa kitambaa na inzi hawamwachi, hilo hatuliandikii hata aya moja. Tumelifanya pambo la vichwa vya habari. Mwenye nalo tumemwachia muuza dawa na mganga.

Sasa leo nataka kugombana. Nagombana na mtindo wetu wa kutibu vidonda vyenye usaha, na naanza kwa kugombana na mimi mwenyewe, maana unga uliosakafia kidonda cha mjomba wangu nilinunua mimi, kwa hela yangu, nikiwa na digrii yangu ya chuo kikuu.

Ilikuwa hivi. Mjomba alikuwa fundi seremala. Mwaka 2018 alikanyaga msumari kazini. Alikuwa amevaa yeboyebo, msumari ukatoboa soli ukaingia kwenye unyayo, karibu na kidole gumba. Ajabu ni kwamba hakujua. Aligundua jioni alipovua viatu aende kuoga, akaona damu imeganda. Nilipompigia kumpa pole alicheka. "Mjomba, hii ni ngozi ya fundi," akaniambia, "hata hainiumi." Na mimi nikacheka.

Jamani, hiyo "hainiumi" ndiyo ilikuwa habari yenyewe. Mtu anaingiwa na msumari unyayoni hasikii! Mwandishi mzima, ninayelipwa kuuliza maswali, sikuuliza hata moja.

Wiki ya kwanza wakamwagia spiriti. Wiki ya pili kidonda kikavimba, kikaanza kutoa usaha. Akanipigia tena: "Mjomba, ukitoka kazini nipitie pale duka la dawa, ninunulie zile kapsuli za rangi mbili, za kumwagia." Nikapita. Dada wa dukani hakuuliza kidonda kiko wapi, cha lini, cha nani. Aliuliza swali moja tu: "Za kumeza au za kumwagia?" Kama unavyoulizwa hotelini, chai ya rangi au ya maziwa. Nikajibu za kumwagia. Akanihesabia kumi, akanifungia kwenye kipande cha gazeti. Huenda lilikuwa gazeti letu.

Basi ikawa kila jioni mkewe anafungua kapsuli, anamimina unga juu ya kidonda. Unga ukichanganyika na usaha unakuwa kama udongo. Ukikauka unakuwa sakafu. Siku ya nne juu pakawa pagumu, peupe, pakavu. "Kimekauka!" Nyumba nzima ikafurahi. Mimi nikatuma meseji ya hongera.

Chini ya ile sakafu usaha ulikuwa unatafuta njia. Ya kutokea haukuipata, ukafuata ya kuingilia.

Wiki ya nne mguu ukavimba mpaka kwenye muundi, homa zikaanza, na harufu. Majirani wakaja kila mtu na lake. Mmoja alileta majivu. Mwingine dawa ya meno. Wa tatu akamvuta mke wa mjomba pembeni akamwambia huyu katengenezwa, kakanyaga kitu alichotegewa. Mjomba akahamishiwa chumba cha uani, eti apate hewa. Ukweli alihamishwa kwa sababu ya harufu, na yeye alijua. Jumapili nilipokwenda kumwona nilisimama mlangoni, nikajifanya nashughulika na pazia. Akaniangalia, akasema, "Kaa tu hapo hapo mjomba. Najua nanuka."

Hayo maneno ninayo mpaka leo.

Kesho yake tukampakia kwenye bajaji mpaka hospitali. Nesi aliyetupokea alikuwa mama wa makamo. Akafungua kitambaa, akanyamaza kidogo, halafu akauliza, "Wanangu, nani kasakafia hapa?" Hakuna aliyejibu. Akailowesha ile sakafu kwa maji ya chumvi, taratibu, ikalainika, akaiinua. Usaha uliotoka ulijaza nusu ya kile kisahani cha chuma chenye umbo la figo. Kisha akamtoboa kidole. Sukari ikasoma 24. Mjomba alikuwa na kisukari, pengine kwa miaka, na hakuna aliyejua, hata yeye mwenyewe. Picha ikaonyesha mfupa umeshaingiliwa. Siku ya tisa wakamkata mguu chini ya goti.

Sisemi unga peke yake ndiyo uliokata mguu. Kisukari kilikuwepo na msumari ulikuwepo. Nasema unga ulitudanganya kwa wiki mbili ambazo ndizo zilikuwa na maana.

Sasa tuongee. Usaha ni nini? Shuleni tulifundishwa kwamba chembe nyeupe za damu ni askari wa mwili. Usaha ni maiti za hao askari, pamoja na bakteria, majimaji na nyama iliyokufa. Ni takataka za vita. Kidonda kinachotoa usaha kinajaribu kuzitoa nje takataka zake. Ukiziba mlango takataka haziishi. Zinarudi ndani, zinafuata kano na misuli mpaka kwenye mfupa, na maambukizi yakishaingia kwenye damu hapo hatuongelei mguu tena, tunaongelea msiba.

Kwa hiyo kazi ya kwanza kwenye usaha ni kuutoa. Siyo ya pili. Mwaka 2016 jarida la New England Journal of Medicine lilichapisha utafiti uliofanywa Marekani kwa wagonjwa zaidi ya 1,200 wenye majipu. Wote walipasuliwa, usaha ukatolewa. Baada ya hapo kundi moja likapewa dawa hii hii tunayoiita Septrini, kundi la pili likapewa vidonge visivyo na dawa yoyote ndani. Waliopata dawa walipona asilimia 80.5. Waliopata vidonge hewa walipona asilimia 73.6. Soma tena hapo. Karibu watu watatu kati ya wanne walipona kwa kupasuliwa na kusafishwa, bila antibayotiki. Dawa ilisaidia, sikatai, iliongeza kama asilimia 7. Lakini kazi kubwa ilikuwa imeshafanyika. Sisi tumegeuza mambo. Tumezing'ang'ania zile 7, tumeziacha zile 73.

Na wala siyo habari mpya. Wakati wa Vita Kuu ya Kwanza ya Dunia, Alexander Fleming, huyo huyo aliyekuja kugundua penisilini mwaka 1928, alikuwa daktari kijana kwenye hospitali ya jeshi pale Boulogne, Ufaransa. Askari wanaletwa na vidonda vilivyojaa matope na vipande vya nguo, madaktari wanamimina dawa kali za kuua vijidudu, na bado askari wanaoza na kufa. Fleming akatengeneza kidonda cha kioo. Alichukua mrija, akauvuta ukawa na vichochoro kama kidonda cha bomu kilivyo, akatia majimaji yenye bakteria, akayamwaga, akajaza dawa, akaimwaga, kisha akatia majimaji safi. Bakteria wakarudi. Walikuwa wamejificha vichochoroni ambako dawa haikuwafikia. Akaonyesha na jambo baya zaidi: zile dawa zilikuwa zinaua askari wa mwili, zile chembe nyeupe, haraka kuliko zinavyoua bakteria wenyewe.

Yaani mtu aliyetuletea penisilini ndiye aliyetuonya mapema kwamba kumimina dawa juu ya kidonda kichafu si kutibu. Mwaka 1945, kwenye hotuba yake ya Tuzo ya Nobel, akaongeza onyo lingine: itafika wakati penisilini itanunuliwa dukani na yeyote, na mtu asiyejua atajipa dozi ndogo isiyotosha, awafundishe bakteria kuizoea. Alikuwa anamwongelea nani kama siyo mimi na kapsuli zangu kumi kwenye kipande cha gazeti? Mwaka 2022 jarida la Lancet likatoa hesabu: mwaka 2019 watu wapatao milioni 1.27 duniani walikufa moja kwa moja kwa sababu ya bakteria waliokuwa sugu kwa dawa, na eneo lililobeba mzigo mzito kuliko yote ni Afrika Magharibi. Waafrika wenzetu hao. Halafu sisi tunamwaga antibayotiki kwenye vidonda kama tunanyunyiza chumvi kwenye mhogo.

Nielewe vizuri. Antibayotiki ina kazi yake, na kwa mtu kama mjomba ilikuwa lazima. Lakini ni ile ya kumeza au ya mshipani, iliyochaguliwa na mtu aliyekiona kidonda, kwa dozi kamili, baada ya usaha kupewa njia. Dawa husafiri kwa damu, na kwenye nyama iliyokufa damu haifiki. Kapsuli imetengenezwa ifunguke tumboni. Juu ya kidonda ule unga ni vumbi la bei ghali, na kwa mwingine unaweza kumletea mzio.

Jambo la pili ninalogombana nalo ni huu wimbo wa kukausha. "Kidonda kikauke." Tumelelewa nao wote. Mwaka 1962 mtafiti wa Uingereza, George Winter, alichapisha majaribio yake kwa nguruwe. Vidonda alivyovifunika kwa plastiki visikauke viliota ngozi mpya kwa kasi kama mara mbili ya vile alivyoviacha wazi vikafanya gamba. Zaidi ya miaka 60 imepita, na sisi bado tunaanika vidonda kama dagaa!

Lakini usinielewe vibaya, unyevu siyo mafuriko. Kidonda kinatakiwa kiwe kama tuta la mchicha asubuhi. Kisiwe jangwa, na pia kisiwe Jangwani wakati wa masika. Majimaji yakizidi, ngozi ya pembeni inalowa, inakuwa nyeupe na kukunjamana kama vidole vya mtu aliyefua kutwa, mwisho inachubuka na kidonda kinatanuka. Kwa hiyo kudhibiti majimaji ni kuyanyonya yakishatoka nje. Siyo kuyazibia yasitoke. Hiyo ndiyo tofauti ambayo nyumba nzima ya kwetu, wasomi kwa wasiosoma, hatukuijua.

Najua hoja zinazokuja, maana nimeshabishana nazo kwenye daladala, misibani na ofisini.

Ya kwanza: "Mbona mimi niliweka unga nikapona?" Hongera. Ulikuwa na mchubuko mdogo, damu inatembea vizuri, sukari haina tatizo, huna ganzi. Ungepona hata kwa maji. Hata jogoo asipowika kutakucha. Tatizo ni kwamba wewe uliyepona ndiye unayetoa ushuhuda mtaani, na yule aliyekatwa mguu hakuna anayemuuliza aliweka nini.

Ya pili: "Watu hawana hela." Hapo ndipo ninapokasirika kabisa. Maji yaliyochemshwa na chumvi ni bei gani? Nusu lita ya maji yaliyochemka na kupoa, kijiko kimoja kidogo cha chai cha chumvi kilichosawazishwa, umemaliza. Hata maji safi ya kunywa peke yake yanatosha kuosha kidonda, tafiti zilizolinganisha maji ya bomba na yale ya dripu hazikuona maji ya bomba yakiongeza maambukizi. Sisi tulinunua spiriti, kapsuli mara tatu, kisha mafuta ya mganga. Umaskini wetu haukutuzuia kununua kisichofaa. Ulitumika tu kama kisingizio cha kutokwenda kupima sukari.

Ya tatu: "Asali je?" Asali ina heshima yake, na mapitio ya tafiti ya Cochrane ya mwaka 2015 yaliona inasaidia kwenye baadhi ya majeraha ya moto na vidonda vya operesheni vilivyopata maambukizi. Sina ugomvi na asali. Lakini asali haipasui jipu na haishushi sukari. Na hiyo inayouzwa barabarani kwenye chupa zilizokuwa za pombe, mimi na wewe hatujui imechanganywa na nini.

Ya nne, na hii nilipewa na rafiki yangu nesi: "Mbona sisi wenyewe kuna wakati tunasaga vidonge vya metronidazo tunanyunyizia?" Ni kweli. Wanaohudumia wagonjwa wa saratani iliyotoboka nje ya ngozi hufanya hivyo, kwa sababu harufu ile inaletwa na bakteria wasiopenda hewa, na dawa hiyo inawapunguza. Pale lengo siyo kufunga kidonda. Lengo ni mama wa watu aweze kukaa na wanawe bila kuona aibu. Mtu anajua anachofanya na kwa nini. Siyo "za kumeza au za kumwagia".

Hii ya harufu inanirudisha uani kwa mjomba. Tunasema tunawapenda wagonjwa wetu, lakini akianza kunuka tunamhamisha. Chakula anawekewa mlangoni. Watoto wanakatazwa kwenda. Kanisani au msikitini anaacha mwenyewe. Halafu tunashangaa kwa nini watu wanaficha vidonda mpaka vinafika mfupani. Wanaficha kwa sababu wanatujua! Wahenga walisema mficha maradhi kifo humuumbua, sawa, lakini hawakusema nani aliyemfundisha kuficha. Na kinachoniuma ni hiki: siku mbili baada ya yule nesi kuondoa ile sakafu na kusafisha, harufu ilikuwa imepungua mno. Tulimfukuza mtu ndani ya nyumba aliyoijenga mwenyewe, kumbe dawa ya harufu ilikuwa maji, chumvi, na mkono wa mtu asiyemwonea kinyaa.

Sasa wakubwa nao wasikae wanatabasamu, nawageukia. Hospitali niliyompeleka mjomba tuliandikiwa karatasi: kanunueni gozi, glavu na bendeji. Chumba cha kusafishia vidonda kilikuwa na nesi mmoja. Asubuhi moja nilihesabu watu 34 kwenye benchi. Mtu wa 34 anasafishwa saa ngapi, na kwa moyo gani? Wengine walikuwa wamekuja kwa bodaboda, mguu wenye kidonda unaning'inia, wakati huo mguu unatakiwa uinuliwe na usikanyagiwe. Tunajenga majengo, tunakata utepe, mimi na wenzangu tunapiga picha za utepe. Gozi haina utepe wa kukata, ndiyo maana haina mtetezi.

Na kisingizio cha kutojua hatuna. Mwaka 2005 Dk. Zulfiqarali Abbas na wenzake walichapisha taarifa kuhusu wagonjwa wa kisukari wa hapa Tanzania waliotafunwa miguu na panya wakiwa wamelala. Panya anakula mguu, mtu haamki, kwa sababu kisukari kimeua mishipa ya fahamu. Ile ile "hainiumi" ya mjomba. Miaka hiyo hiyo ya 2000 Tanzania ilikuwa miongoni mwa nchi zilizoanza mradi wa Step by Step, wa kufundisha madaktari na manesi kuokoa miguu kabla ya msumeno. Na mwaka 2003, kule Ruvuma, ulianza mpango wa Duka la Dawa Muhimu, wauzaji wafundishwe ili dawa salama zimfikie mwananchi. Elimu ipo. Kinachokosekana ni mtu wa dukani kuuliza swali la pili, na mteja kama mimi kukubali kuulizwa. Lile swali ni rahisi: umeshapima sukari?

Sasa, kwa sababu kugombana bila kusema la kufanya ni umbeya, haya ndiyo niliyojifunza kwa yule mama kwenye benchi, na kwa madaktari niliowauliza baadaye.

Nawa mikono kwanza. Osha kidonda kwa maji ya chumvi au maji safi, mengi, yatiririke. Usimwage spiriti wala ile dawa inayotoa povu ndani ya kidonda kirefu, povu siyo dalili ya kupona. Weka gozi iliyoloweshwa kidogo na kukamuliwa, juu yake kitu cha kunyonya. Pamba usiiweke moja kwa moja kwenye nyama, nyuzi zake zinanasa. Kidonda kinachotoa sana, wapo manesi wanaoweka pedi safi ya kike au kipande cha pampasi kwa juu, na inafanya kazi. Ngozi ya pembeni ipake mafuta mazito ya mgando isilowe. Badilisha kinapolowa, usisubiri kesho eti kwa sababu kalenda imesema kesho. Gozi ikiganda usiing'oe kishujaa, iloweshe ilainike. Kidonda chenye shimo usikishindilie gozi kama unaziba pancha, ilegee ili usaha upite. Mguu uinuliwe, na usikanyagiwe. Sindano ya pepopunda ulizia siku hiyo hiyo, hasa kama ni msumari.

Na haya siyo ya nyumbani, nenda hospitali usiku huo huo: homa, uvimbe unaopanda, maumivu makali kuliko kidonda chenyewe kinavyoonekana, nyama kuwa nyeusi, harufu, au kidonda mguuni kwa mtu mwenye kisukari hata kama kidogo. Vitabu vinasema angalia wekundu unaoenea. Vingi viliandikwa kwa kuangalia ngozi nyeupe. Kwenye ngozi yetu wekundu unaweza usiuone kabisa, utaona ngozi imekuwa nyeusi zaidi, inang'aa, ngumu. Weka mgongo wa mkono, sikia joto. Chora mstari wa kalamu kuzunguka uvimbe. Kesho ukiona umevuka mstari, usiniulize mimi, kimbia.

Halafu kama kidonda hakiponi, acha kuuliza "nipake nini?" Uliza "kwa nini hakiponi?" Sukari, damu isiyofika, mfupa, saratani, kifua kikuu, kuna sababu. Kidonda sugu mara nyingi ni barua, na sisi kazi yetu imekuwa kuipaka rangi bahasha.

Mjomba yupo. Anatengeneza vigoda siku hizi, kazi ya kukaa. Sukari anapima, na mguu uliobaki anaukagua kila jioni kwa kioo kidogo cha kunyolea, unyayo mzima, kidole kwa kidole. Mwezi uliopita nilimkuta anamfundisha kijana wake wa kazi aliyejikata na tindo. Kijana tayari alikuwa ameshika kapsuli mkononi. Mjomba akamnyang'anya, akaitupa kwenye maranda, akamwambia, "Lete maji."

Na mimi nimejiwekea nadhiri. Mhariri akitaka niandike "donda ndugu" kwenye kichwa cha habari, nitamwuliza: la nani, liko mguu upi, na leo limesafishwa?

Nawasilisha.